Kibandiko cha Namba Saba

Mutokambali alinipa brashi, kopo la rangi nyeupe
na mbao saba za makreti ya bia.
"Mwandiko wako unasomeka," alisema. "Wangu ni wa fundi."
Makumbusho yenyewe ni paseli moja nyuma ya Birere,
ukuta wa mawe meusi yaliyokuja yenyewe,
yakichemka, mwaka ule mlima uliposhuka mjini
ukaula uwanja wa ndege kuanzia kichwani.

Kiingilio franka mia tano. Watoto wa jirani bure,
wakivua viatu.

Namba moja: Dakota, bila mabawa.
Alizaliwa kwenye vita vya watu wengine, akazeekea kwetu
akibeba samaki wa Kindu, mbuzi wa Bunia,
na mara moja bibi harusi aliyetapikia shela.
Mabawa yalishakwenda Majengo, yakayeyushwa kuwa masufuria.
Pengine sombe uliyokula jana iliivia ndani ya bawa.

Namba mbili: kidege cha mapadri, injini moja,
na msalaba uliopakwa rangi mara nyingi hadi umevimba.
Namba tatu: kichwa cha Antonov.
Maandishi yake ya Kirusi hakuna anayeyasoma,
ila swichi nyekundu kila mtoto anajua kazi yake:
ni ya kuruka. Imebonyezwa mpaka imepauka.

Namba nne ni gurudumu tu.
Namba tano, viti vitatu vilivyoshikana,
vilivyokaa miaka tisa kwa kinyozi wa Katindo
kabla Mutokambali hajavikomboa kwa gunia la makaa.
Namba sita, propela. Niliandika: *imepinda*.
Akanirudisha. "Andika: iligusa ardhi ikiwa bado inazunguka."

Basi, namba saba.

Mkia. Umesimama peke yake karibu na choo
chini ya turubai la bluu, lile la wakimbizi.
Kuku wanatagia humo.
Nikauliza, huu niuandikie nini?
Akaanza kutafuta bisibisi
iliyokuwa mkononi mwake.

Mvua ya saa tisa ikaja bila hodi.
Tukakimbilia ndani ya Dakota, tukakaa sakafuni,
bati la mgongo likipigwa hata hatusikilizani.
Ndipo alipotoa karatasi ya kaboni, imekunjwa mara nne:
tarehe, namba ya injini, mafuta, breki,
na chini kabisa, sahihi.
Naijua sahihi hiyo. Ndiyo inayonilipa kila mwisho wa mwezi.

"Breki zilikuwa nusu," alisema.
"Bosi akasema nyama itaoza.
Nami nilikuwa na watoto wanne na deni la nyumba."
Hakulia. Alikuwa anakwangua rangi yangu nyeupe
iliyomkaukia kwenye ukucha.
"Walikuwa wangapi?"
"Kwenye karatasi, sita.
Lakini ndeke zetu unazijua. Watu hupanda juu ya magunia,
nani anawaandika?"

Mvua ikakatika kama ilivyokuja.
Nje mtoto wa mama Nzigire anagonga ubavu wa bati:
"Mzee! Hii ndeke itaruka siku gani?"
"Siku utakapolipa kiingilio," akajibu,
na sauti yake ilikuwa ile ile ya kila siku,
jambo ambalo mpaka sasa sijui nilichukulieje.

Kabla sijaondoka akanishika mkono wa shati.
"Jina langu liweke juu, kwa herufi kubwa.
Wale sita wafuate. Halafu chini acha nafasi."
"Nafasi kiasi gani?"
Akatazama mkia, akatazama ubao,
akaingia ndani kutafuta lile turubai,
ambalo tayari upepo ulikuwa umelivua.

Nimelala na ubao huo mezani.
Jina lake limeingia, majina sita yameingia kwa kubanana.
Kesho asubuhi nitapita kwa muuza bia
kuomba kreti nyingine,
labda mbili.